Violeti za Usambara zenye maua ya rangi na majani ya mabaka: unachaguaje?

Neema_Dirishani

Wakuu habarini. Naombeni mwongozo wenu kabla sijatoa hela.

Nina violeti tatu, zote za majani ya kijani na maua ya zambarau, na zinachanua karibu mwaka mzima. Sasa macho yamehamia kwenye zile za majani ya mabaka. Kuna zenye ukingo mweupe, kuna zenye moyo wa manjano hafifu, nyingine jani moja lina kijani, krimu na waridi. Maua nayo yana mistari, madoa, kingo zilizojikunja kama shela. Wiki mbili nzima naangalia picha na sijaamua.

Nafasi yangu inatosha vyungu vinne. Dirisha linapata jua la asubuhi, mchana ni kivuli chenye mwanga. Nianze na zipi?

Kuna jambo linanitia hofu. Mwaka juzi nilinunua moja yenye jani jeupe kabisa ukingoni. Miezi minne baadaye ilikuwa kijani tupu kama hizi nyingine. Aliyeniuzia alisema nimeiua mwenyewe, lakini mmea upo mpaka leo, mzima, unachanua. Weupe tu ndio umeondoka, na sijui ulikwenda wapi.

---

Mzee wa Vyungu

Neema, karibu sana. Nianze na hilo la mwisho kwa sababu ukilielewa, nusu ya kuchagua umeshaimaliza.

Hukuua kitu. Sehemu nyeupe ya jani ni sehemu isiyo na klorofili, yaani ile rangi ya kijani inayousaidia mmea kujitengenezea chakula, na kwenye violeti nyingi za ukingo mweupe kiasi cha weupe hupanda na kushuka kufuatana na joto na mbolea. Chumba kikiwa na baridi kidogo, weupe unaongezeka. Joto likikaa juu ya nyuzi 27 wiki nyingi, majani mapya yanatoka na kijani kingi zaidi. Nitrojeni nyingi inafanya vivyo hivyo. Angalia lebo ya mbolea yako: zile namba tatu, ya kwanza ndiyo nitrojeni. Kama ndiyo kubwa kuliko zote, au zote tatu ziko sawa na unaweka kila wiki kwa kipimo kizima, jani litajaa kijani. Badilisha utumie yenye namba ya kwanza ndogo, sogeza chungu mahali penye ubaridi kiasi, halafu subiri. Majani yaliyokwisha kuwa kijani hayarudi nyuma. Tazama yale madogo yanayochomoza katikati, hayo ndiyo yatakayokupa jibu.

Sasa, mabaka si ya namna moja, na wauzaji wengi hawatofautishi. Nitakueleza mawili unayokutana nayo zaidi.

La kwanza ni la Tommie Lou. Ni jina la violeti iliyogunduliwa 1959, mmea uliobadilika wenyewe ukatoa majani yenye weupe pembeni. Mpaka leo tunaita mabaka ya namna hiyo kwa jina lake. Kijani kinakaa katikati ya jani, weupe au krimu au waridi unakaa ukingoni na kuingia ndani kwa vidoa. Linazeeka vizuri, maana jani la chini kabisa bado lina mabaka yake.

La pili ni la moyoni. Majani machanga ya katikati yanatoka manjano, krimu au hata waridi, na kadiri yanavyosogea nje yanakuwa kijani. Ukiutazama mmea kutoka juu ni kama taa imewashwa katikati. Hili linapendeza ajabu, ila ndilo linaloyumba zaidi. Baridi ikizidi moyo unakuwa mweupe mno na mmea unadumaa, joto likizidi taa inazimika.

Kwa mtu mwenye dirisha la asubuhi na nyumba isiyo na baridi, ningesema anza na namna ya Tommie Lou.

---

Bi Petali

Mzee kasema majani, mimi nisemee maua, maana watu wananunua picha ya ua halafu wanalia.

Violeti za porini ni za buluu na zambarau tu, zinakwenda mpaka rangi iliyopauka. Petali tano, katikati vifuko viwili vya chavua vya manjano. Haya yote mengine tunayoona yamezalishwa na watu kwa kuchagua na kuchavusha kizazi baada ya kizazi. Mbegu zilitoka Usambara 1892, alizipeleka Ujerumani ofisa wa kikoloni aitwaye Walter von Saint Paul-Illaire, na mwaka uliofuata mtaalamu Hermann Wendland akaupa mmea jina Saintpaulia. Mwaka 1927 kitalu kimoja cha Los Angeles kikaagiza mbegu, kikazikuza, na kutoka kwenye miche ile kikachagua aina kumi tu za kuuza. Mojawapo ilikuwa Blue Boy, na kutoka kwake zimetokea nyingi mno: ya petali zilizorundikana, na ile yenye doa jeupe pale jani linapokutana na kikonyo, iliyoitwa Blue Girl. Mpaka leo jani la namna ile tunaliita jani la kike.

Kwa hiyo unapochagua rangi, jua ipi ni imara na ipi ni ya kubembeleza:

Buluu, zambarau, waridi na nyeupe ni imara. Nyekundu unayoona kwenye picha ni ya matumbawe au ya divai. Nyekundu ya damu kabisa haipo, ukiiona picha hiyo jua imekolezwa. Manjano ipo, ila ni hafifu, kama maziwa yaliyotiwa tone la kiini cha yai, na ua likizeeka linapauka. Ukiuziwa mbegu za violeti ya manjano ya alizeti, kimbia.

Kisha kuna ua lenye ukingo mweupe, tunauita ukingo wa Geneva. Kuna la fantasia, lenye vidoa na michirizi iliyorushwa kama rangi ya brashi. Kuna lenye ukingo wa kijani uliojikunja, mfano Ness' Crinkle Blue: buluu nzito, petali nyingi, pembeni nyeupe inayoingia kijani. Ukingo wa kijani hutoka vizuri kwenye ubaridi. Kwenye joto unaweza kupata buluu yenye uzi mwembamba tu.

Ushauri wangu kwa Neema: kama jani limejaa mabaka, chukua ua lenye rangi moja. Jani la Tommie Lou na ua la buluu iliyokolea, au waridi lenye petali nyingi, jicho linapata pa kutulia.

---

Kikonyo

Bi Petali hapo mwisho sikubaliani na wewe, samahani dada yangu. Mimi nina Buckeye Seductress, majani ya mabaka na ua lenye rangi zaidi ya moja, na kila anayeingia anasimama pale. Zile za Buckeye zilizalishwa makusudi ziwe kubwa, zenye majani ya mabaka na maua ya kushiba. Ukiziweka kwenye nafasi yake peke yake, bila kuzisonganisha na nyingine, hazichoshi macho.

Ila ni kubwa. Hilo Neema aliangalie. Vyungu vinne kwenye dirisha moja, ukinunua mbili kubwa umemaliza dirisha.

---

Bi Petali

Sawa ndugu yangu, nakubali kwa sharti la nafasi. Kwenye kundi mchanganyiko bado nasimama na langu.

---

Mwanafunzi wa Mimea

Naomba kuuliza kuhusu zile zenye mistari. Nilipewa jani la violeti ambayo kila petali ina mstari wa zambarau katikati na pembeni nyeupe, kama gurudumu. Nikalipanda, likatoa mizizi baada ya wiki nne, vichipukizi vikaja, nikavitunza miezi tisa. Yote manne yamechanua zambarau tupu. Hakuna mstari hata mmoja. Aliyenipa jani naye alitunza lake kutoka kwenye jani la mtu mwingine na lake lina mistari, au ndivyo alivyosema. Nimevunjika moyo kweli.

---

Mzee wa Vyungu

Pole sana mwanangu. Ulichopewa ni jani la kaimera, na kaimera haipandwi kwa jani. Ni vizuri kila mtu kwenye uzi huu ajue kwa nini, kwa sababu ni hapa watu wengi wanapoteza hela na muda.

Kwenye kaimera, mmea mmoja una tabaka za seli za aina mbili. Tabaka la nje lina urithi mmoja, la ndani lina mwingine, na mstari unaoona kwenye petali ni hizo tabaka zinapoonekana pamoja. Ukipanda jani, mche mpya unaanza kutoka kwenye seli za tabaka moja. Tabaka la pili halipo tena, na mstari umekwenda nalo.

Ili upate mistari lazima uanze na chipukizi ambalo tayari lina tabaka zote: lile linalotoka ubavuni mwa shina, kwenye kwapa la jani. Njia nyingine ni bua la ua. Bua la ua lina vijani viwili vidogo katikati yake. Likikatwa na kupandwa vijani vikiwa juu kidogo ya udongo, kwenye kwapa zake linaweza kutoka chipukizi. Ndiyo maana kaimera ni adimu na bei yake iko juu kuliko nyingine. Mtu anayekuuzia majani ya kaimera kama Yukako, muulize ameyapata vipi maua kutoka kwenye jani.

Za fantasia ziko katikati. Jani lake kwa kawaida linatoa vidoa, ila mara moja moja mche unatoka rangi tupu. Usiuze wala usigawe mche wa fantasia kabla hujaona ua lake la kwanza.

Mabaka ya Tommie Lou hayana shida hii. Jani linatoa watoto wa mabaka. Kwenye mbegu pia, mabaka hayo yanatoka kwa mama, yaani mmea uliobeba tunda, si kwa ule uliotoa chavua. Wanaochavusha wanahakikisha mama ndiye mwenye mabaka.

---

Jani_Jeupe

Naongezea juu ya kupanda jani la mabaka, kwa sababu nimepoteza watoto wengi kabla sijajifunza.

Chagua jani la mduara wa kati, lisilo la chini kabisa wala la moyoni, na lenye kijani cha kutosha. Watu wanachagua lile jeupe kuliko yote wakidhani watoto watakuwa weupe zaidi. Jani jeupe halina nguvu ya kulea. Kata kikonyo kwa wembe safi, kiache sentimita tatu hivi, mkato uwe wa mshazari. Kiingize kwenye mchanganyiko mwepesi wa piti (mboji ya mimea iliyooza) na perlaiti (vijiwe vyeupe vyepesi vya kulegeza udongo), funika na mfuko unaopitisha mwanga.

Baada ya miezi miwili au mitatu utaona vitu vidogo vinachomoza chini ya kikonyo. Hapa ndipo unapotakiwa kutulia. Baadhi vitakuwa vyeupe kabisa, vyeupe kama punje ya mchele uliolowekwa, vina vinyweleo vinavyong'aa ukivitazama kwenye mwanga wa upande. Ni vizuri mno. Usivitenganishe! Havina klorofili, vinakula kutoka kwa jani mama. Nilivitoa vitatu vikiwa na ukubwa wa ukucha, nikavipa kila kimoja kikombe chake. Siku ya sita kimoja kikawa cha maji maji, wiki haijaisha vyote vimelala.

Siku hizi naviacha. Chipukizi likiwa limebaki jeupe, nalipunguzia baridi, nalipa nitrojeni kidogo, nasubiri mpaka nione kijani kwenye angalau nusu ya majani yake. Wakati mwingine inachukua miezi mitano. Jani mama likichoka linanyauka lenyewe, na mtoto kwa wakati huo anajitegemea.

---

Neema_Dirishani

Jamani asanteni, najifunza kwa kasi. Nimesogeza ile ya zamani kutoka juu ya kabati, ambako ndiko joto linakopanda jioni, nimeishusha karibu na dirisha. Na lebo ya mbolea nimeisoma: namba zote tatu zinalingana, na nilikuwa naweka kila wiki. Basi.

Swali la ukubwa. Kikonyo kanitisha na Buckeye. Hizi ndogo vipi, ni dhaifu?

---

Kikonyo

Hapana, ndogo si dhaifu, ila zinakauka haraka kwa sababu chungu ni kidogo.

Kipimo kinachotumika ni upana wa mmea kutoka ncha ya jani mpaka ncha ya jani. Ndogo sana hazizidi sentimita 15. Ndogo za kati zinafika 20. Juu ya hapo ni za kawaida, na kubwa zinapita 40. Kisha kuna zinazotambaa, zenye vichwa vingi, zinajaza chungu na kumwagika pembeni. Rob's Sticky Wicket ni ya namna hiyo, na hizo usizikate vichipukizi, ndivyo zinavyotakiwa kuwa. Zile nyingine zote kichipukizi cha ubavuni kitolewe mapema kabla hakijaharibu mduara.

Chungu kiwe theluthi moja ya upana wa mmea. Mmea wa sentimita 30, chungu cha 10. Watu wanaweka mmea wa mabaka kwenye chungu kikubwa ili "ukue haraka", udongo unakaa na maji, mizizi inaoza. Mabaka yanakua taratibu kuliko kijani, hilo halibadiliki kwa chungu.

Kwa dirisha lako ningechukua ndogo za kati. Frozen in Time, kwa mfano: ua jeupe linaloelekea kijani, jani la Tommie Lou. Vyungu vinne vya namna hiyo vinakaa kwenye sinia moja, na unaweza kuvinywesha kwa utambi. Uzi wa nailoni unapita chini ya chungu mpaka kwenye kopo la maji, udongo unajivutia wenyewe. Ila udongo uwe mwepesi kweli, nusu perlaiti, la sivyo utambi utauzamisha.

---

Mlinzi wa Msitu

Nawasoma kwa furaha. Naomba niingize neno moja la pembeni, maana jambo hili liko moyoni mwangu.

Mama wa hizi zote bado yuko msituni. Ziko kwenye milima ya Usambara, Uluguru, Nguru, na upande wa Kenya Teita na miamba ya karibu na pwani. Zinaota kwenye nyufa za mawe, kivulini, ambako maji yanapita na hayatuami. Nyingine zinapatikana kwenye sehemu ndogo mno, mteremko mmoja au bonde moja. Ukikata mti uliokuwa ukitia kivuli kwenye jiwe lile, jua linaingia, ukoga unakauka, na violeti inakwenda pamoja nao. Wataalamu siku hizi wameziingiza ndani ya Streptocarpus, kundi la mimea jamaa yake, mabadiliko ya 2015, ila vibandiko vingi bado vinasema Saintpaulia na sisi tunaendelea nalo.

Naomba mtu yeyote asing'oe za porini. Zilizopo vitaluni zinatosha, na zina asili ileile. Na ukitaka kujua mmea wako unapenda nini, fikiria lile jiwe: kivuli chenye mwanga, hewa yenye unyevu, maji yanayopita, mizizi kwenye udongo kiganja kimoja.

---

Bi Petali

Asante kwa hilo. Na linaeleza pia kwa nini maji ya baridi yanaacha madoa juu ya jani. Kwenye jani la mabaka doa linaonekana mara mbili, kwa sababu sehemu nyeupe inakuwa kahawia. Tumia maji yaliyokaa chumbani usiku kucha.

Neema, ukienda kununua, usiangalie ua kwanza. Utalipata ua. Geuza chungu, tazama mmea kutoka juu: majani yamekaa kwa duara sawa? Kuna moyo mmoja au miwili? Kisha tazama moyo wenyewe kwa karibu. Ukiwa umekaza, majani madogo yamejikunja, yana vinyweleo vya kijivu na yanavunjika kama biskuti, huo ni utitiri. Uache hapo hapo hata kama mabaka yake ni mazuri kuliko yote dukani, kwa sababu utitiri utahamia kwenye tatu ulizo nazo. Na utakachonunua, kitenge wiki kadhaa mbali na vingine.

Halafu muombe muuzaji akuonyeshe mmea mkubwa wa aina hiyo hiyo, si mche peke yake. Miche mingi ya mabaka inatoka vitaluni ikiwa nyeupe sana. Mmea mkubwa ndio utakaokaa nao.

---

Mwanafunzi wa Mimea

Mzee, nimekwenda kwa yule aliyenipa jani. Tumeangalia mmea wake pamoja, kumbe una kichipukizi kwapani mwa jani la tatu, kina majani manne. Amenikubalia nikichukue kikifika sita.

---

Mzee wa Vyungu

Vizuri sana. Kitoe na kisu chembamba, hata kama hakina mizizi, kipande na ukifunike. Kitashika.

---

Neema_Dirishani

Wakuu nimerudi. Imekuwa miezi miwili na nusu.

Nimechagua tatu, nafasi ya nne nimeiacha. Frozen in Time kwa ushauri wa Kikonyo. Ya pili ni ya kawaida yenye jani la Tommie Lou na ua la buluu nzito, rangi moja, hapo Bi Petali umeshinda. Ya tatu ina mabaka ya moyoni. Najua Mzee ulisema inayumba. Nilimwomba muuzaji anionyeshe mama yake, akanionyesha: majani ya nje kijani kibichi, katikati krimu yenye waridi. Nikasema kama huyu amekaa hivi ndani ya joto la duka, nami nitajaribu. Nimeiweka mwisho wa dirisha ambako ubaridi wa kioo unafika usiku, haigusi kioo.

Moja niliyoitaka zaidi niliiacha. Moyo wake ulikuwa wa kijivu, umekaza, nikakumbuka maneno yenu.

Na ile ya zamani! Nimepunguza mbolea kama mlivyosema. Majani yote makubwa bado kijani. Lakini juzi asubuhi nilipokuwa nanywesha nikaona jani la katikati, dogo kama mbegu ya tikiti, lina uzi mweupe ukingoni upande mmoja. Leo na la pili lake linao, pande zote mbili.

---

Jani_Jeupe

Hilo ndilo lenyewe! Usiliongezee chochote sasa. Liache vivyo hivyo, mbolea kidogo, mahali pale pale, uzungushe chungu robo kila wiki ili mduara usiegemee upande wa mwanga. Weka picha likifika jani la sita.